Pesa Zikirudi, Kesi Huisha?

Mtu amenunua ploti Kitengela. Amelipa kidogo kidogo, nyingine benki, nyingine kwa M-Pesa, hadi siku anapogundua kuwa hati miliki ina jina la mtu asiyemjua. Anapiga ripoti polisi, na muuzaji anafikishwa kortini kwa shtaka la kujipatia pesa kwa njia ya udanganyifu. Kesi ikishatajwa mara kadhaa, jamaa za mshtakiwa wanabisha hodi kwake: pesa zote zitarudishwa, mradi aondoe kesi.

Wengi hudhani hilo liko mikononi mwao. Haliko. Nchini Kenya, karatasi ya mashtaka huandikwa Jamhuri dhidi ya mshtakiwa, na aliyetapeliwa huingia humo kama mlalamishi na shahidi. Akitaka kudai hasara yake mwenyewe ana kesi ya madai, ambayo sheria inaruhusu iende sambamba na ile ya jinai.

Hata hivyo mlango wa suluhu haujafungwa. Katiba ya 2010, katika kifungu cha 159, inaziagiza mahakama kukuza maridhiano na njia za jadi za kutatua mizozo. Kabla ya hapo, kifungu cha 176 cha sheria ya utaratibu wa kesi za jinai kilikuwa tayari kinamruhusu hakimu kuhimiza mapatano, pamoja na fidia, katika makosa ya kibinafsi yasiyo mazito. Kujipatia mali kwa udanganyifu, ambako adhabu yake ni kifungo kisichozidi miaka 3, kumewekwa katika daraja la makosa madogo. Kughushi ni kosa la daraja la juu. Na katika utapeli wa mashamba, makosa haya mawili hufuatana mara nyingi, ndiyo maana suluhu inayoonekana rahisi sebuleni hukwama kortini.

Njia halali ni mbili. Mlalamishi anaweza kumweleza hakimu, kabla ya uamuzi wa mwisho, kwa nini anataka kuondoa malalamiko. Hakimu akiridhika, mshtakiwa huachiliwa huru na shauri limekwisha. Au Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma anaomba kusitisha kesi, jambo ambalo Katiba inamkataza kulifanya bila idhini ya mahakama. Hapa wakati ni muhimu mno. Kesi ikiondolewa na upande wa mashtaka kabla mshtakiwa hajatakiwa kujitetea, anaweza kushtakiwa tena kwa kosa lile lile. Ikiondolewa baada ya hapo, ameshinda kabisa.

Mfano uliotikisa wanasheria haukuwa wa ulaghai. Mwaka 2013 Mahakama Kuu ya Nairobi iliruhusu kesi ya mauaji iondolewe baada ya familia mbili kupatana na fidia kulipwa, ngamia na mbuzi wakiwemo. Uamuzi huo ulizua ubishi mkali, na ni haki: ikiwa damu inaweza kulipiwa, maskini atalindwa na nani?

India imelipima swali hili kwa undani zaidi. Mwaka 2012 Mahakama ya Juu huko ilisema kesi zenye sura ya biashara au mgogoro wa kibinafsi zaweza kufutwa wahusika wakipatana, lakini si mauaji, ubakaji wala ujambazi. Miaka 2 baadaye ikakataa kufuta kesi ya ulaghai dhidi ya benki, ingawa deni lilikuwa limelipwa. Benki hutunza pesa za umma, na kulipa deni hakufuti hila iliyotumika.

Hoja hiyo inafaa kusikika Kenya pia. Tapeli aliyeuza ploti moja kwa watu kumi hapaswi kutoka kwa kumlipa yule mmoja mwenye wakili. Hakimu anapoletewa mapatano ana wajibu wa kuuliza kama pesa zimefika, kama mlalamishi ameridhia bila kutishwa na ukoo wala wenye nguvu, na kama wako waathiriwa wengine.

Kwa mlalamishi, hatari kubwa ni kupokea malipo ya kwanza kisha kutoweka kortini. Akiwa ameitwa kwa samansi na asifike, hati ya kumkamata inaweza kutolewa dhidi yake mwenyewe, huku salio la pesa zake likiwa bado mfukoni mwa mshtakiwa.