Malbork: Ngome iliyookolewa na daftari

Ni kawaida ya binadamu kujenga upya nyumba yake iliyobomoka. Si kawaida hata kidogo kuijenga upya nyumba ya hasimu wake. Juma hili nataka tuzungumzie taifa lililofanya hivyo, nalo ni Polandi, na ngome ya Malbork iliyoko kaskazini mwa nchi hiyo, ukingoni mwa mto Nogat.

Ngome hiyo ilianza kujengwa katika miaka ya 1270 na watawa wapiganaji wa Kijerumani, maarufu kwa jina la Wateutoni. Chama chao kilizaliwa katika mji wa Akka, huko Palestina, wakati wa Vita vya Msalaba. Baadaye waligeukia nchi za Bahari ya Baltiki, wakawatiisha wenyeji kwa upanga kwa jina la dini. Mwaka 1309 mkuu wao alihamisha makao yake kutoka Venice hadi Malbork, mahali walipopaita Marienburg.

Walijenga kwa matofali ya kuchoma. Kwa hakika ni ngome tatu ndani ya moja: ya juu, ya kati na ya chini. Kwa ukubwa wa eneo, hutajwa kuwa inazizidi ngome zote duniani. Chini ya sakafu waliweka tanuri zilizopeleka hewa ya moto kumbini wakati wa baridi kali.

Mwaka 1410 majeshi ya Polandi na Lithuania yaliwashinda Wateutoni katika vita vya Grunwald, na mkuu wao akauawa. Ngome ikazingirwa, lakini haikuanguka. Kilichokuja kuiangusha ni deni. Wateutoni walishindwa kuwalipa askari wao wa kukodiwa, wakawapa ngome iwe rehani. Askari wale wakaiuza kwa Mfalme Casimir wa Nne wa Polandi, naye akaingia humo mwaka 1457. Kuta zilizoshinda majeshi zilishindwa na mishahara!

Kwa miaka 315 ngome ilikuwa mikononi mwa wafalme wa Polandi, hadi Prussia ilipolinyakua eneo lile mwaka 1772. Watawala wapya waliigeuza kambi ya askari, kisha ghala. Mwanzoni mwa karne ya 19 wakawa wanavunja matao ya kale ili wapate nafasi ya kuweka nafaka.

Mwaka 1803 kijana mmoja, Max von Schenkendorf, ambaye hakuwa hata na umri wa miaka 20, aliandika katika gazeti moja la Berlin kulalamikia uharibifu huo. Mwaka uliofuata mfalme aliamuru ubomoaji usimame. Sisi tulio katika kazi ya habari hatuna budi kukumbuka kwamba maneno machache gazetini yaliwahi kuokoa ngome nzima.

Matengenezo yalianza mwaka 1817, lakini kazi kubwa ilikuja mwaka 1882, alipokabidhiwa msanifu majengo Conrad Steinbrecht. Alikaa na kazi hiyo miaka 40. Kabla ya kuinua ukuta alichimba, akapima, akachora na kupiga picha. Ufundi wa kale uliokuwa umesahauliwa ukatafutwa na kufundishwa upya. Michoro na picha zikawekwa.

Kisha ikaja vita. Mapema mwaka 1945 majeshi ya Ujerumani yalijichimbia ngomeni humo dhidi ya Jeshi Jekundu la Muungano wa Kisovieti. Vita vilipokwisha, zaidi ya nusu ya ngome ilikuwa kifusi, na mji wenyewe ukawa wa Polandi.

Hapo ndipo penye swali. Polandi ilikuwa imeteketezwa na Wajerumani, na Warsaw ilikuwa magofu. Kwa nini Mpolandi atumie tofali moja kwa ajili ya jumba la Wateutoni? Jibu lilichukua miaka. Mwaka 1959 moto ukaunguza sehemu ya ngome. Mwaka 1961 ikaanzishwa makumbusho, na ujenzi ukasonga mbele. Mafundi wa Kipolandi walifuata kumbukumbu walizoacha wataalamu wa Kijerumani. Mwaka 1997 UNESCO iliiingiza ngome katika orodha ya Urithi wa Dunia. Mwaka 2016 ilirejeshwa sanamu kubwa ya Bikira Maria, yenye urefu wa takriban mita 8, iliyovunjwa mwaka 1945.

Wako watakaosema kwamba jengo lililojengwa upya ni la uongo, maana matofali mengi si yale ya watawa. Hoja hiyo ina uzito. Lakini linalotenganisha ukarabati na uzushi ni ushahidi. Anayejenga kwa kubahatisha anatunga hadithi yake mwenyewe, na anayejenga kwa vipimo anarudisha kilichokuwapo. Wapolandi hawakuwasamehe Wateutoni kwa kujenga kuta zao. Walikubali tu kwamba historia ya mahali ni ya wanaopatunza, pamoja na machungu yake.

Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari. Basi, msikilizaji, ukipita leo mbele ya jumba la kale mtaani kwenu, usiulize tu nani atalikarabati. Uliza kwanza: je, yupo aliyelipima na kulipiga picha kabla halijaanguka?