Nuru na Giza katika Filamu ya Titanic

Usiku wa tarehe 14 Aprili 1912, merikebu Titanic ilipogonga jabali la barafu saa 5:40, mbinguni hapakuwa na mwezi, na bahari ilikuwa shwari hata hapakuwa na wimbi la kuvunjika miguuni pa jabali lile likawatahadharisha walinzi. Tangu dakika ile hata ilipoghariki saa 8:20, tegemeo la abiria dhidi ya giza lilikuwa taa za umeme, ambazo wahandisi chini ya mkuu wao, Joseph Bell, walizidumisha karibu hadi mwisho. Na katika wahandisi hao hakusalimika hata mmoja.

Kwa sababu hiyo nashikilia kwamba filamu ya James Cameron ya mwaka 1997, ijapokuwa ilitunukiwa Oscar 11, mojawapo ikiwa ya mpigapicha wake Russell Carpenter, haikupata haki yake majumbani mpaka ilipotolewa mwaka 2023 katika diski ya 4K yenye HDR, yaani wigo mpana wa nuru. Kawaida ya televisheni tuliyoirithi iliwekewa kipimo cha kandela 100 kwa mita ya mraba, na kila rangi ya msingi ikagawiwa daraja 256 tu. Basi fundi aliyetaka nyuso za gizani zidhihirike aliziacha taa ziyeyuke katika weupe usio na umbo, na aliyezihifadhi taa alizizamisha nyuso. HDR huanza na daraja 1,024, na kilele cha mwangaza aghalabu hupandishwa hadi kandela 1,000.

Itazame fataki nyeupe ya kuomba msaada inaporuka, kisha kamera ikajitenga hata merikebu ikawa kitu kidogo mno katika giza lisilo mpaka. Zitazame, hasa, taa zinapopepesa na kuzimika zote kwa pamoja: zamani picha ilififia tu, lakini sasa jicho lililokwisha kuzoea ukali wa madirisha yale hunyang'anywa nuru ghafula, nalo hutaabika kutafuta umbo la kitu, kama lilivyotaabika bila shaka jicho la abiria aliyeshika ukingo wa sitaha. Rangi ya samawati inayofuata ni ya kubuni, lakini naisamehe, maana pasipo nuru yoyote hapana filamu.

Televisheni nyingi za bei nafuu hupokea HDR zisiweze kuitimiza, kwa kuwa weusi wao ni kijivu. Mwenye OLED, ambayo kila nukta yake huwaka na kuzimika peke yake, na azime taa za sebuleni kabla barafu haijaonekana.