Tandiko la Kizimba cha Reptilia na Afya ya Kaya

Kobe, mjusi au chatu anayefugwa nyumbani huweza kuonekana mwenye afya njema huku utumbo wake ukiwa na bakteria aina ya Salmonella. Bakteria hao hutoka pamoja na kinyesi na kuangukia kwenye tandiko la kizimba. Kwa hiyo, uchaguzi wa tandiko hauhusu mnyama peke yake, bali pia watu wanaoishi naye.

Tandiko hupimwa kwa mambo mawili. La kwanza ni usalama wa mnyama. Maranda ya mierezi na misonobari hutoa mafuta yenye harufu kali yanayoweza kuwasha njia ya hewa. Mchanga na vipande vya magunzi ya mahindi, vikimezwa pamoja na chakula, huweza kuziba utumbo. Magunzi yakilowa huota ukungu. La pili ni urahisi wa kuuona uchafu na kuuondoa wote. Karatasi za kawaida hukidhi haja hiyo, kwani hukunjwa na kutupwa pamoja na kinyesi. Kwa wanyama wanaohitaji unyevu au kujichimbia, makumbi ya nazi yaliyosagwa hufaa, mradi sehemu iliyochafuka iondolewe kila siku na tandiko lote libadilishwe mara kwa mara.

Hata hivyo, hakuna tandiko linalomwondolea mnyama bakteria hao. Mtoto mchanga huweza kuambukizwa bila kumgusa mnyama, kupitia mikono ya mlezi aliyesafisha kizimba. Mwaka 1975 Marekani ilipiga marufuku uuzaji wa kasa na kobe wenye gamba lisilofikia inchi 4, takriban sentimita 10, kwa sababu watoto walikuwa wakiambukizwa.

Kaya yenye mtoto wa chini ya miaka 5, mzee wa miaka 65 na zaidi au mtu mwenye upungufu wa kinga haishauriwi kufuga reptilia. Wengine wavae glavu wanapobadilisha tandiko, walifunge katika mfuko kabla ya kulitupa, wasioshe vyombo vya mnyama jikoni, na wanawe mikono kwa sabuni na maji yanayotiririka. Kizimba kioshwe kwanza kwa sabuni, ndipo kipakwe dawa ya klorini na kusuuzwa. Dawa hiyo hupungua nguvu penye uchafu.

Kwa wahudumu wa afya, mgonjwa mwenye homa, kuhara na maumivu ya tumbo aulizwe iwapo nyumbani kuna reptilia na ni nani husafisha kizimba chake. Kwa kawaida dalili huanza kati ya saa 6 na siku 6 baada ya kuambukizwa. Kwa mtoto mwenye selimundu, homa pamoja na maumivu ya mfupa yasiyopungua yasichukuliwe kuwa ni maumivu ya selimundu tu: Salmonella ni miongoni mwa visababishi vikuu vya maambukizi ya mifupa kwa watoto hao, na kuchelewa kutambuliwa huweza kumwachia mtoto ulemavu.