PlayStation Iliyopinduliwa

Waliocheza PlayStation ya kwanza, ile ya kijivu iliyotoka Japani Desemba 1994, huenda wanakikumbuka kituko hiki. Mashine ikishazeeka, video ya utangulizi inakwamakwama na sauti inakatika. Dawa ni kuipindua, kichwa chini miguu juu, na mchezo unaendelea kama kawaida.

Watu walisema lenzi imekufa. Ingekuwa imekufa kweli, kupinduliwa kungesaidia nini?

Data ya CD ni vishimo vilivyopangwa kwenye njia moja inayojizungusha kutoka katikati kwenda nje, na kati ya mzunguko na mzunguko kuna mikromita 1.6 tu. Mwanga wa leza, wa nanomita 780, usioonekana kwa macho, hupenya plastiki ya milimita 1.2 na kurudi kwenye kihisio: palipo tambarare unarudi mwingi, penye kishimo unafifia. Hata rangi nyeusi ya diski za PlayStation hauijali. Lakini lazima lenzi ikae sawasawa, ndiyo maana koili na sumaku huisogeza juu, chini na pembeni bila kupumzika.

Sasa, katika matoleo ya mwanzo, kitako kilichobeba leza kilikuwa cha plastiki na kiliteleza juu ya reli ya plastiki, jirani kabisa na pawa saplai. Joto na msuguano viliila plastiki, kitako kikainama, mwale ukaenda upande. Ukiipindua mashine, uzito unaegemea sehemu isiyolika. Sony wenyewe baadaye waliihamisha leza mbali na pawa saplai.

Mafundi wengi, hata hivyo, hukimbilia kiskrubu kidogo kilicho ubavuni mwa leza, kinachopunguza au kuongeza umeme wake. Kikizungushwa kidogo tu, diski inasoma na mteja anaondoka akicheka. Mimi siipendi tiba hiyo. Leza iliyochoka inalazimishwa kuwaka zaidi, na inazidi kuchoka. Reli iliyolika imebaki vilevile.

Anza na usafi. Chomoa umeme, futa lenzi polepole kwa pamba yenye spiriti, bila kuikandamiza. Toa grisi kuukuu iliyoganda kwenye reli, paka kidogo mpya isiyodhuru plastiki. Ukijaribu mashine ikiwa wazi, usichungulie kwenye lenzi: mwanga usiouona unaweza kuliumiza jicho.

Reli ikiwa imeshalika, nunua leza nzima pamoja na kitako na reli yake. Nyingi huja na tone la risasi lililounganisha njia mbili za umeme ili kuikinga leza na umeme tuli safarini. Tone hilo huondolewa kwa chuma cha kuchomelea baada ya kuunganisha waya bapa. Likisahaulika, leza mpya haiwaki, na anayelaumiwa ni muuzaji.