Wingu la Ziwani na Tatizo la Istilahi

Kosele ni soko la Ujaluo, bara ya Ghuba ya Winam. Mwezi uandamapo, mtu ashukaye kutoka huko hadi ufukoni huweza kuona nguzo nyeusi, mithili ya moshi, zikipanda ziwani. Si moshi, bali ni wadudu wadogo mno, Chaoborus na jamaa zao. Mabuu yao hukaa katika tope la ziwa. W. W. Macdonald alieleza mwaka 1956 jinsi kutoka kwao kunavyoandamana na mwezi. Wakishapevuka huruka makundi makundi, hupandana, hutaga na kufa.

Wasemaji wa Dholuo huwaita *sami*. Ziwa Nyasa huitwa *kungu*, neno lenye nasaba na *ukungu* wa Kiswahili: jina limefuata sura ya wingu. Kiswahili hutumia *nzi wa ziwa*, tafsiri ya Kiingereza. Istilahi hiyo yapotosha, kwani Chaoborus ni jamaa wa karibu wa mbu, ingawa haumi. Mwanafunzi wa Kosele, aliye na *sami* kinywani, hupewa jina lenye maarifa machache kuliko lake. Yafaa basi Kiswahili kikope *sami*, kabla ya kosa kukita mizizi kamusini.