Mashujaa wa Filamu Katika Wodi ya Watoto

Mwaka 2012, wasafishaji wa madirisha ya hospitali ya watoto jijini Pittsburgh, Marekani, waliteremka ukutani kwa kamba wakiwa wamevaa kama Spider-Man na Batman, nao watoto waliolazwa wakawatazama kupitia kioo. Kioo hicho kiliwakinga pia dhidi ya maambukizi. Anayejitolea kuingia wodini hana kizuizi hicho, na kwa mtoto anayetibiwa saratani, mafua ya mgeni yanaweza kuhatarisha maisha. Ndiyo maana kibali cha mganga mfawidhi hutangulia, mavazi hufuliwa, mikono huoshwa kwa sabuni, na mwenye kikohozi hubaki nyumbani, hata kama vazi lake ndilo zuri kuliko yote. Watoto wadogo huogopa uso uliofichwa. Mzazi aulizwe kwanza, na mtoto akikataa, shujaa aondoke bila kinyongo.