Je, Wajua? Maua ya bati, miguu ya mjusi na dawa iliyogoma kuyeyuka

Je, wajua kwamba yale maua yanayometameta kwenye bati jipya la kuezekea ni fuwele? Bati ni chuma kilichochovywa katika zinki iliyoyeyuka. Zinki inapopoa, atomu zake huanza kujipanga safu kwa safu, tena huanzia sehemu nyingi kwa wakati mmoja, na kila kundi hutanuka mpaka likagota kwa jirani yake. Mistari unayoiona ndiyo mipaka ya makundi hayo. Fuwele basi ndiyo hiyo: kitu kigumu ambacho atomu zake zimekaa kwa mpangilio unaojirudia. Vyuma karibu vyote tunavyotumia vimejaa fuwele, ila nyingi ni ndogo mno kuonekana kwa macho.

Je, wajua kwamba hakuna anayeichonga chumvi iwe na pembe? Maji ya bahari yakikauka katika mashamba ya chumvi ya Bagamoyo au Gongoni, sodiamu na klorini hupangana kwa kupishana, hii kisha ile, mbele, juu na ubavuni, na mchemraba unajitokeza wenyewe. Ivunje punje moja: vipande navyo vitapasuka kwa pembe mraba.

Dari ya jipsam uliyoweka sebuleni ni madini yale yale yanayounda fuwele kubwa kupita kiasi katika pango la Naica, kaskazini mwa Meksiko. Wachimbaji waliliingia mwaka 2000 wakakuta nguzo zenye urefu unaofikia mita 11 hivi. Joto humo lilikuwa kama nyuzi 58 za Selsiasi, na unyevu umejaa hewani, hata watafiti wakaweza kukaa kwa dakika chache tu bila mavazi maalumu ya kuwapoza.

Almasi na grafiti, ile nyeusi iliyomo ndani ya penseli, ni kitu kimoja, kaboni tupu. Hili wengi wamelisikia shuleni. Lisilosimuliwa sana ni jinsi lilivyogunduliwa: kwa kuichoma almasi. Mwaka 1772 Mfaransa Antoine Lavoisier aliichoma kwa jua lililokusanywa kwa lenzi kubwa, ikatoweka. Mwaka 1797 Mwingereza Smithson Tennant akapima gesi iliyotoka, akaona ni sawasawa na ile ya makaa ya uzito huo huo. Tofauti yote iko kwenye mpangilio. Ndani ya almasi kila atomu imeshikana na wenzake wanne, pande zote. Ndani ya grafiti ya penseli imeshikana na watatu tu, kwa ubapa, na tabaka zinateleza moja juu ya nyingine mithili ya karata. Unapoandika unaziacha karata hizo kwenye karatasi.

Na wauza vito hawatakwambia hili: katika mgandamizo wa kawaida wa hewa, kaboni iliyotulia ni grafiti, si almasi. Almasi ya Mwadui, huko Shinyanga, ambako John Williamson aligundua mgodi mwaka 1940, kwa haki ingepaswa kugeuka kuwa grafiti ya penseli. Haigeuki kwa sababu mabadiliko hayo ni ya polepole kiasi kwamba hakuna atakayeishi kuyaona. Mwaka 1947 mgodi huo ulitoa almasi ya waridi ya karati 54.5, akazawadiwa Binti Mfalme Elizabeth wa Uingereza alipoolewa. Almasi ni ngumu kukwaruza, ndiyo, lakini nyundo moja ingetosha kuipasua. Kutokwaruzika na kutovunjika ni mambo mawili tofauti.

Mwaka 2004 huko Manchester, Andre Geim na Konstantin Novoselov walibandua tabaka za grafiti kwa utepe wa gundi, ule tunaofungia bahasha, wakafikia tabaka yenye unene wa atomu moja. Mwaka 2010 wakapewa Tuzo ya Nobel.

Je, wajua kwamba rangi ya kito mara nyingi ni uchafu? Oksidi ya alumini ikiwa fuwele safi haina rangi kabisa. Tia kromi kidogo, inakuwa yakuti nyekundu. Tia chuma na titani badala yake, inakuwa yakuti ya samawati. Chukua kromi ile ile uitie katika madini mengine yaitwayo berili, utapata kijani cha zumaridi. Mgeni ni yule yule, kabadilisha nyumba tu.

Afrika Mashariki ina mfano wake wenyewe, nao ni mzuri kuliko huo. Tanzanite ya Mirerani, ambayo haichimbwi mahali pengine popote duniani, hupata ubuluu wake kutokana na vanadi. Tsavorite, kito kinachoitwa kwa jina la Tsavo, ambacho Campbell Bridges alikikuta kwanza Tanzania mwaka 1967 kisha Kenya, ni kijani hasa kwa sababu ya vanadi hiyo hiyo. Tanzanite nyingi hutoka ardhini zikiwa za kahawia. Zikitiwa katika tanuri la joto la nyuzi 500 na zaidi ndipo rangi ya mauzo inapojitokeza. Tena ukiizungusha ambayo haijachomwa, huonyesha rangi tatu kwa pande tatu tofauti, kwa kuwa mpangilio wa atomu zake si sawa kila upande. Saniniu Laizer, mchimbaji mdogo, aliuza mawe mawili ya namna hiyo mwaka 2020 kwa zaidi ya shilingi bilioni 7.7. Kubwa kati ya hayo lilikuwa na uzito wa zaidi ya kilo 9.

Sufuria nayo haiko mbali na familia ya yakuti. Alumini ikiguswa na hewa hujivika papo hapo utando mwembamba wa oksidi ya alumini, mchanganyiko ule ule wa yakuti, ila haukujipanga vizuri. Ukisugua kwa steelwool unauondoa. Kabla hujaiweka sufuria chini, umekwisha rudi. Bila utando huo alumini ingeliwa na maji ya ugali.

Hapa tumeingia kwenye uso wa vitu, na uso una tabia zake. Atomu iliyo ndani ya chuma imezungukwa na wenzake pande zote. Iliyo juu kabisa imekosa jirani upande mmoja, na mkono huo mtupu unatafuta cha kushika. Ndiyo maana vipande viwili vya chuma kimoja, vikiwa safi kweli na visiwe na hewa katikati, vikigusana vinaweza kuungana bila moto. Duniani utando wa oksidi na mafuta hutuokoa. Angani hakuna wa kuokoa.

Wakati mwingine atomu za juu hazikai kama za ndani, hujipanga upya. Tulizioneshwa na hadubini iliyobuniwa na Gerd Binnig na Heinrich Rohrer mwaka 1981, karibu na Zurich, Uswisi. Haitumii mwanga. Ni ncha kali ya chuma inayopita juu ya uso bila kuugusa, huku umeme kidogo ukiruka katikati, na umeme huo hubadilika kila ncha inapopita juu ya atomu. Tuzo ya Nobel ilifika haraka, mwaka 1986. Kufikia mwaka 1989 Don Eigler, huko California, alikuwa anazisukuma atomu za zenoni moja moja. Alizipanga 35 zikaandika jina la kampuni iliyomwajiri. Kama ni tangazo, hakuna dogo kuliko hilo.

Mkulima anayebeba mfuko wa urea anabeba kazi ya uso wa chuma. Hewa imejaa naitrojeni, lakini atomu zake mbili zimeshikana kwa nguvu na mmea hauwezi kuzitenganisha. Fritz Haber alionyesha njia ya kuigeuza naitrojeni hiyo kuwa amonia, ambayo ndiyo hutengenezewa urea, Carl Bosch akaifanya iwe ya kiwandani, na Alwin Mittasch akajaribu maelfu ya michanganyiko akitafuta kichocheo cha bei nafuu, mpaka akaangukia madini ya chuma kutoka Uswidi. Kiwanda kilianza mwaka 1913. Ajabu ni kwamba kwa miongo kadhaa dunia ilikula chakula kilichooteshwa kwa mbolea hiyo bila kujua kwa hakika chuma kinafanya nini. Mjerumani Gerhard Ertl ndiye aliyefuatilia hatua kwa hatua, akathibitisha kwamba molekuli ya naitrojeni hutua juu ya chuma na kupasuliwa hapo hapo, kisha atomu zake hupokea hidrojeni moja baada ya nyingine. Alitangazwa mshindi wa Nobel tarehe 10 Oktoba 2007, siku aliyotimiza miaka 71.

Mjusi kafiri darini hana gundi. Hana pia vikombe vya kunyonya. Vidole vyake vina vinyweleo visivyoonekana kwa macho, na ncha za vinyweleo hivyo zimegawanyika tena mara nyingi, hata zikaukaribia ukuta kiasi cha molekuli za mguu na za ukuta kuvutana. Mvuto huo, kwa molekuli moja moja, ni dhaifu kabisa. Kwa mamilioni, unambeba. Kellar Autumn na wenzake walipima nguvu ya unyweleo mmoja mwaka 2000, wakitumia mjusi wa Asia aitwaye tokay, ambaye kila mguu wake una karibu vinyweleo nusu milioni. Kwenye Tefloni kavu, ile ya kikaango kisichogandisha, mjusi huteleza. Usimjaribishe kwenye kikaango cha mama mwenye nyumba.

Jani la gimbi ni kinyume chake: maji hayashiki. Uso wake una vinundu vidogo vilivyopakwa nta, tone linakaa juu ya vilele na hewa chini yake, kisha linabingirika na vumbi.

Turudi kwenye fuwele: tunajuaje mpangilio wake wa ndani? Kwa eksirei. Mwaka 1912 Max von Laue alionyesha kwamba miale hiyo ikipita ndani ya fuwele hutawanyika kwa madoa yenye utaratibu, na Lawrence Bragg akaonyesha jinsi ya kuyasoma. Alipata Nobel mwaka 1915 pamoja na baba yake, akiwa na miaka 25. Dorothy Hodgkin, mzaliwa wa Cairo, alipiga picha yake ya kwanza ya insulini kwa njia hiyo miaka ya 1930. Umbo lake kamili alilifikia mwaka 1969.

Dan Shechtman aliambiwa arudi kusoma kitabu. Tarehe 8 Aprili 1982 aliona ndani ya aloi ya alumini mpangilio ambao vitabu vyote vilisema hauwezekani, wenye utaratibu lakini usiojirudia. Linus Pauling, mwenye Nobel mbili, alimpinga hadi kufa. Shechtman alipata yake mwaka 2011.

Mwisho, dawa. Ritonavir, dawa ya VVU, iliingia sokoni Marekani mwaka 1996 ikiwa katika kapsuli. Mwaka 1998, bila mtu kubadilisha chochote, molekuli zile zile zilianza kujipanga kwa fuwele ya namna ya pili, iliyotulia zaidi na ngumu kuyeyuka. Kapsuli zikashindwa vipimo, usambazaji ukasimama, wagonjwa wakabaki na dawa ya maji yenye ladha mbaya. Kibaya zaidi, punje isiyoonekana ya fuwele hiyo mpya ilitosha kuigeuza dawa yote iliyoigusa; maabara zilizowahi kuipata zilishindwa kutengeneza ile ya zamani. Kapsuli iliyofuata ilihitaji jokofu, jambo gumu kwa mgonjwa asiye na umeme. Suluhisho lililowafaa wengi wa kwetu lilikuwa kuzizuia molekuli zisijipange kabisa, kwa kuzitawanya ndani ya plastiki iliyoyeyushwa. Vidonge vya lopinavir na ritonavir vya namna hiyo, visivyohitaji jokofu, viliidhinishwa mwaka 2005.

Kwa hiyo usihamishie vidonge kwenye kikopo cha zamani wala kuviweka bafuni. Unyevu unaweza kubadilisha kilichomo hata kama rangi na umbo havijabadilika. Aspirini walau hujitangaza: ukifungua kopo na kusikia harufu ya siki, imeanza kuoza. Usiinywe.